Gitaa la Mjukuu Wangu na Vanishi ya Keko

Mjukuu wangu ni mwimbaji huko Italia. Anatunga mwenyewe, anapiga gitaa mwenyewe, na anaimba Kitaliano, lugha ya baba yake. Nalisema mapema kwa sababu watu wakisikia mjukuu wa mtu wa Keko anaimba Ulaya, wanadhani ni singeli, wanaanza kuniuliza anavaa nini jukwaani. Anavaa suruali na sweta. Anaimba polepole, kama mtu anayesema na jirani aliye upande wa pili wa ukuta na hataki kumwamsha mtoto. Mara ya kwanza kumsikia kwenye simu nilidhani ana mafua.

Mie kazi yangu ni kupiga msasa na vanishi. Nimeifanya hapa Keko, mtaa wa maseremala, tangu mume wangu yuko hai. Yeye alitoka Newala na patasi zake, akafungua karakana kando ya barabara, akatengeneza vitanda na makabati. Alipofariki nikabaki na karakana, mafundi watatu, na wateja wasio na subira. Sikusoma zaidi ya darasa la nne. Lakini nifumbe macho unipe ubao, nitakwambia kwa kidole kama ni mninga au mkongo, na kama aliyeuranda alikuwa na haraka ya kwenda kula.

Binti yangu aliolewa na Mtaliano aliyekuja kujenga barabara ya kusini. Wakaenda kwao, mji wa kaskazini ambako binti yangu anasema ukungu unakaa wiki nzima kama mgeni asiyejua kuaga. Huko ndiko alikozaliwa mjukuu huyu, peke yake tumboni na peke yake nyumbani.

Alipokuwa na miaka kumi na minne, mzee mmoja jirani yao alikuwa anahama, akamwachia gitaa. Lilikuwa kuukuu hata siku hiyo. Binti yangu akanipigia simu kusema mtoto hatoki chumbani. Nikamwambia mpe ufagio. Hakunisikiliza, na mtoto akajifunza gitaa bila mwalimu. Akawa anaimba kwenye baa za wanafunzi huku watu wanakula, mchana anauza kahawa. Nyimbo za kwanza alizirekodi chumbani kwake kwa kompyuta ya kuazima, akaziweka mtandaoni mwenyewe, hana kampuni wala meneja. Zikasikilizwa. Kampuni ndogo ikamchukua, akatoa albamu, akazunguka Italia na wenzake wawili ndani ya gari bovu, wakilala humo humo na vyombo vyao. Baba yake alikuwa akisema mtoto wake ameajiriwa na barabara.

Magazeti ya huko yalimwandika, na mama yake alikuwa akinitafsiria. Nikaona kila mwandishi anauliza jambo moja: anatoka wapi hasa. Amezaliwa hapo, amesoma hapo, anaimba habari za pasi ya mama yake na dirisha la basi, wao wanamuuliza Afrika. Kwenye albamu ya pili kampuni ikaona hapo ndipo penye biashara. Wakamvisha kitenge, wakamwekea ngoma za mashine, wakampiga picha amesimama kwenye mchanga. Picha nililetewa. Kitenge kilikuwa na ndege, na ndege wote walikuwa kichwa chini miguu juu. Nikamwambia binti yangu, huyu aliyemfunga mjukuu wangu nguo hii hajawahi kumtazama mwanamke. Albamu haikununuliwa. Kampuni ikamwacha.

Alikaa mwaka mzima haimbi popote. Kisha kampuni nyingine, kubwa kuliko ile, ikamwambia: tuletee nyimbo kumi mpya kabla mwezi wa tatu haujaisha, tuzisikie. Akaenda kwa baba yake wakakubaliana kama watu wazima. Kampuni ikizikataa, anaweka gitaa chini na kuingia ofisini kwa baba yake mdogo, wanakouza vigae vya sakafu. Si kwa muda, moja kwa moja. Alitoa neno lake. Na wanawake wa ukoo huu wana ubaya mmoja, wakitoa neno hawalimezi.

Akaomba aje kwangu azimalizie. Alimwambia mama yake anataka mahali penye utulivu.

Utulivu, Keko. Binti yangu alicheka mpaka simu ikakatika.

Alikuja na begi moja, kompyuta, kinasa sauti, na lile gitaa mgongoni kama mtoto. Uwanja wa ndege nilimpokea nikamwita mke mwenzangu, akarudi nyuma hatua moja. Baadaye nikajua alimtumia mama yake ujumbe kuuliza kama babu alikuwa na mke wa pili. Ikabidi aelezwe kuwa kwetu mjukuu wa kike ni mke wa babu yake, kwa hiyo mie na yeye ni wake wenza, na wake wenza wana ruhusa ya kutukanana. Alipolielewa hilo alilipenda kuliko chakula. Mama yake alikuwa amemfundisha shikamoo bila kumfundisha mipaka yake, siku ya kwanza akawaamkia mafundi wote, hata yule wa rika lake. Yule kijana akaitikia marahaba haraka haraka, na wenzake wakamwita babu mwezi mzima.

Karakana inaanza saa moja asubuhi. Kwangu mashine ya kuranda, kwa jirani msumeno, mbele kidogo nyundo, na kila mmoja amefungulia redio yake ili asisikie ya mwenzake. Mtoto alisimama uani akaziba masikio. Nikadhani atarudi kwao Jumamosi ile ile. Hakurudi. Akachunguza, akapata nafasi zake. Alfajiri baada ya swala, kabla mafundi hawajafika. Ijumaa saa saba, wanapokwenda msikitini. Na umeme unapokatika. Umeme ukikatika Keko nzima inalaani, yeye anakimbia na gitaa. Tena nina stoo ya sponji za sofa, imejaa mpaka dari. Alipoingia humo akapiga makofi, akasikiliza, akafurahi kama aliyepewa kiwanja Goba. Humo ndimo alimorekodia, amekaa katikati ya sponji kama yai kwenye trei.

Wiki ya tatu nyimbo sita zilikuwa zimekwisha. Zimebaki nne.

Hapo ndipo nilipofanya nililolifanya. Alikwenda Pugu kwa shangazi ya mama yake kulala siku mbili, na kwa kuwa mvua ilikuwa inanyesha akaliacha gitaa. Nikalichukua nikaliangalia vizuri kwa mara ya kwanza. Jamani. Uso wa mbele vanishi ilikuwa imelika pale mkono unapopita, ubao umebaki mweupe kama goti la mtoto. Chini ya tundu palikuwa na ufa, umezibwa kwa gundi ya karatasi. Nikabonyeza kwa kidole gumba, ubao ukatetemeka.

Sie tunajua jambo moja hapa: ubao unaotetemeka ni ubao mbovu. Kabati likitetemeka mteja analirudisha na maneno juu. Na mie niliona aibu. Mjukuu wa mpiga vanishi anatoka mlangoni mwangu kila siku amebeba kitu kama kile, watu wanapita, wanaona.

Nikamwita fundi mkuu. Ni mtu wa miaka hamsini, mume wangu ndiye aliyemfundisha. Nikamwambia anichanie vijiti viwili vya mninga, vyembamba, vikavu. Tukatoa nyuzi. Mkono wake haukuingia kwenye tundu, wangu uliingia, kwa sababu siku hizi ni mfupa mtupu. Nikaviweka vijiti kwa ndani, nikavikingamisha chini ya uso wa gitaa, nikavigundisha. Ufa nikaujaza kwa unga wa mbao na gundi. Nikapiga msasa. Nikapaka mikono mitatu ya vanishi, na kesho yake, jua lilipotoka, nikaongeza wa nne. Ile ya meza za sebuleni, nzito. Likang'aa ukajiona meno. Fundi mkuu akaligonga akasema, mama, hili sasa hata mtu akilikalia. Tukalisifia hivyo, wote wawili.

Mtoto aliporudi alilikuta limelazwa juu ya kitambaa, jinsi ninavyowawekea wateja. Akatabasamu kwa adabu. Akaketi, akaanza kufunga nyuzi, taratibu, moja moja, mafundi wamesimama wanangoja tuzo. Akapiga.

Ilitoka sauti kama ya mtu anayeita kutoka ndani ya gunia la mkaa. Fundi mkuu akacheka kidogo, akaona anacheka peke yake, akaacha.

Akapiga tena. Akaligeuza, akachungulia tunduni, akaniuliza kuna nini ndani. Nikamwambia vijiti viwili. Akauliza vya nini. Nikasema vya mninga, mkavu kabisa, bado najisifu. Akauliza kwa nini. Nikamwambia lilikuwa linatetemeka.

Akaniangalia. Kiswahili chake ni cha kuokota, lakini siku hiyo hakikupungua neno.

"Ndiyo kazi yake, bibi. Kutetemeka ndiyo kazi yake."

Akaingia chumbani akafunga mlango. Hakupiga kelele. Ingekuwa nafuu apige kelele.

Jioni binti yangu akanipigia kutoka Italia. Alikuwa ameshaelezwa. Akaniambia mtoto anatafuta jinsi ya kubadilisha tiketi arudi mapema. Nyimbo nne hazipo, gitaa halipo, kwa hiyo kumi hazitapatikana, na yeye amekwisha kubali, atakwenda kwenye vigae. Nikamwambia nitamnunulia jipya. Akasema, mama, basi mnunulie, ukaone.

Kesho yake nikampeleka Kariakoo. Alikuja kwa heshima tu. Muuzaji alimtolea magitaa matano, mazuri, yananukia dukani. Akayapiga yote, akayarudisha. Njiani akanieleza. Zile sita zimeimbwa na sauti ya gitaa lile. Akiweka nne za gitaa jingine, kampuni itasikia nyimbo za watu wawili. Hilo sikuhitaji kutafsiriwa. Ni seti ya sofa yenye kiti kimoja cha rangi nyingine, na hakuna mteja asiyekiona.

Tulipofika nyumbani nikamketisha. Sijui kuomba radhi kwa maneno mengi, sikufundishwa. Nikamwambia, "Hubadilishi tiketi. Nimeliharibu mie, nitalirudisha mie. Likinishinda, nitamwambia baba yako kwa mdomo wangu kuwa nyimbo zako hazikukataliwa na mtu, ziliuawa na bibi yako."

Akauliza, utalirudishaje. Nikasema sijui bado, niletee kiti.

Zilikuwa zimebaki siku kumi na nane mwezi wa tatu uishe.

Fundi mkuu alitaka kutumia mashine ya msasa, dakika tano kazi imekwisha. Nikamwambia aondoe mkono. Ubao ule ni mwembamba kama chapati ya maji, mashine ingetokea upande wa pili. Dawa ya kuondolea vanishi nayo ingeingia kwenye nyuzi za mti. Nikarudi kwenye kazi ya zamani, ya kukwangua kwa kioo. Unavunja kioo cha dirisha, unachagua kipande chenye ukingo mzuri, unakiinamisha, unavuta kuelekea kwako. Kikishika vizuri kinatoa nywele nyembamba za vanishi bila kuugusa ubao. Kikishika vibaya kinakukata wewe au kinaukata ubao. Vijana wa siku hizi hawaijui kazi hiyo na hawaitaki.

Nilikwangua upana wa kidole, nikasimama. Mtoto alivuta kigoda akakaa mbele yangu, akagonga pale kwa kifundo cha kidole. Akasema bado. Nikakwangua. Akagonga. Bado. Siku ya kwanza mie sikusikia tofauti yoyote, nikadhani ananitesa kwa haki yake. Siku ya nne nikasikia. Pale penye vanishi sauti ilikuwa mbali, kama mtu ameifunika kwa kiganja, na pale nilipokwisha kukwangua ilisogea karibu. Nikagonga mwenyewe, huku na huku, mara nyingi, mpaka mtoto akaanza kucheka. Miaka yote hii nimeujua ubao kwa kidole na kwa jicho. Sikuwahi kuuweka sikioni.

Vijiti vya ndani ndivyo vilivyonitoa jasho. Nilichemsha maji na siki, nikachovya kitambaa, nikakiingiza tunduni nikakibana juu ya gundi mpaka ilainike. Kisha nikapitisha kipande cha upanga wa msumeno nilichokinoa, milimita kwa milimita, sioni kitu, nahisi tu. Saa mbili mkono umo ndani, ngozi inachunika kwenye ukingo wa tundu. Kijiti cha kwanza kilitoka siku ya sita. Cha pili kilitoka siku ya nane, na kilipotoka kilikuwa kimeng'ang'ania kipande cha ubao wa uso, chembamba kama ganda la kitunguu.

Nilikitoa nikakiweka kiganjani. Mtoto alikiona. Hapo niliogopa kweli. Niliogopa kama siku nilipobaki na karakana na sijui bei ya mbao.

Katika siku hizo zote hakukaa bure. Aliimba bila gitaa, pale pale kwenye kigoda, katikati ya kelele, akijaribu maneno. Nilimwuliza maana yake, akanieleza, mie nikampa maoni ingawa hakuyaomba. Nikamwambia unaimba mdomo nusu wazi, unaogopa inzi? Akaniambia mke mwenzangu umezeeka, hata inzi hawakutaki. Akafungua mdomo lakini, nilimwona. Mmoja wa nyimbo zile nne ulikuwa wa mtu anayemsubiri mwenzake hospitali, kwenye benchi, na kila mlango ukifunguliwa anasimama. Huo ulinikaa. Fundi mkuu naye akaanza kuuimba chinichini huku anaranda, Kitaliano chake cha ovyo, maneno hayana kichwa. Mtoto alimsahihisha mara moja akaona hafundishiki.

Siku ya kumi akafunga nyuzi. Sikuangalia, nilijitia kufagia.

Sauti ilitoka. Haikuwa ile ya zamani. Ilikuwa chini kidogo, na ina mkwaruzo, kama mtu aliyetoka kuugua na anakwambia hajambo. Mtoto alipiga, akanyamaza, akapiga. Akalegeza nyuzi zote kidogo, akapiga tena, akaweka sikio lake kwenye ubavu wa gitaa. Nikamwuliza, ni lile? Akasema hapana. Nikauliza, linafaa? Akasema ngoja.

Alingoja mpaka alfajiri ya kesho yake, akaingia kwenye sponji. Nikiwa nje nasikia. Aliporudi akasema wimbo mmoja umekubali. Ijumaa akapata wa pili. Umeme ukakatika Jumatatu, Mungu ambariki aliyeukata, akapata wa tatu. Ukabaki ule wa hospitali.

Alijaribu alfajiri tatu, ukamkataa. Sauti yake asubuhi ni nzito, akasema, na wimbo huu unataka sauti ya mchana. Ijumaa nyingine hakuna, mwezi utakuwa umekwisha. Umeme nao ukawaka siku zote kama umehongwa. Siku ya mwisho ya mwezi ilifika, saa nne asubuhi, na nyimbo ziko tisa. Nikamkuta amekaa stoo na gitaa mapajani, msumeno wa jirani unaimba badala yake.

Nikavaa khanga yangu nikatoka.

Mashine yangu nilishaizima. Nikaanza na jirani wa kwanza. Nikamwambia nataka nusu saa ya kimya kuanzia saa sita. Akadhani kuna msiba. Nikasema hakuna msiba, mjukuu wangu anarekodi. Akaniuliza kama mjukuu wangu ni rais. Nikamwambia rais angetuma askari, mie nimekuja mwenyewe. Wa pili akasema ana oda ya milango ya hoteli. Nikamwambia mlango wako ule wa juzi nimeupaka vanishi mara mbili ili nifiche ulivyopinda, na sikumwambia mtu. Akakubali. Wa tatu alikuwa na mdomo.

"Bibi, sie tunafanya kazi hapa. Huyo mzungu wako akaimbe kanisani."

"Si mzungu wangu, ni mke mwenzangu," nikamwambia. "Na mie sina haraka. Nitakaa hapa mlangoni mwako mpaka uzime."

Nikavuta ubao nikakaa. Mafundi wake wakaanza kucheka, wakaacha, kwa sababu mtu wa umri wangu akikaa mlangoni mwa mtu wapita njia wanauliza amedhulumiwa nini. Hakuchukua dakika kumi. Akatoka akaniambia, shikamoo bibi, nenda, tutazima, lakini aimbe kitu cha maana. Nilipita karakana kumi na moja. Wengine walizima kwa heshima, wengine kwa uchovu wa kunisikiliza, na mmoja alizima akaomba nimwambie mjukuu amtaje.

Saa sita ikafika. Sijapata kuisikia Keko vile mchana. Ulikuwa unasikia bawa la kunguru. Mafundi walikaa juu ya mbao zao wameshika simu na hawazungumzi, kama watu walio mahakamani. Na kutoka kwenye stoo yangu, kwa mbali, ikaja sauti ya yule mtoto, mdomo wazi, na lile gitaa likimfuata kwa shida shida. Aliimba mara moja tu. Mashine zilipowashwa tena alikuwa ameshatoka, anakunywa maji kwenye kikombe changu.

Usiku huo huo nyimbo kumi zikaenda.

Jibu lilikuja baada ya wiki, zikiwa zimebaki siku tatu asafiri. Walimpigia. Aliongea uani, anatembea huku na huku kati ya vitanda visivyo na vanishi, mie sielewi neno ila uso. Alipomaliza akanieleza. Nyimbo wamezipenda. Sita wanazichukua zilivyo. Nne za mwisho wanataka azirudie studio kwao na gitaa zuri, maana gitaa linasikika limeumia. Akikubali, mkataba upo.

Mie nilishukuru Mungu kwa sauti. Nikamwambia akubali leo, kabla hawajabadili nia. Wao ndio wateja, mteja akitaka mguu mwingine wa meza unamwekea. Tena lile ni kosa langu, na nimeona njia ya kosa langu kufutika bila mtu kuumia. Nilitaka lifutike, sifichi.

Akatikisa kichwa. "Hizi nne ndizo nzuri, bibi. Nilipozitunga nilikuwa nalisubiri gitaa lipone. Nikizirudia sitasubiri kitu."

Tuligombana siku nzima. Nilimwambia ana kiburi. Akaniuliza amekitoa wapi. Fundi mkuu akakaa mbali na sisi na kuranda ubao uliokwisha kurandwa. Jioni akawapigia: zote kumi kama zilivyo, au hakuna. Wakamwambia basi, mkataba hakuna.

Akaja kukaa karibu yangu, mweupe kama karatasi. Nikajua anawaza vigae. Nikamwambia neno ulilompa baba yako lilikuwa nini, liseme tena taratibu. Akasema, kampuni ikizikataa naacha. Nikamwuliza, wamezikataa? Akafikiri. Akasema, hapana, wao walizitaka, mie ndiye niliyewakataa wao. Nikamwambia mpigie baba yako umweleze hivyo hivyo ulivyonieleza, usipambe.

Waliongea muda mrefu. Baba yake si mtu mbaya, ni mtu wa saruji, anataka kila kitu kisimame. Mwisho walipatana upya. Siku tatu za wiki anakwenda ofisi ya vigae, kwa sababu mtu lazima ale. Siku zilizobaki ni zake na asiulizwe. Mie sikulipenda sana hilo. Nimezoea mtu awe na kazi moja aishike kwa mikono yote miwili. Lakini sikuulizwa.

Zile kumi akazitoa mwenyewe na wale wenzake wawili wa gari bovu, bila kampuni, kama alivyoanza. Hazikumfanya tajiri. Juzi alinipigia ametoka kuimba kwenye ukumbi wa mji mdogo wa milimani. Nikamwuliza watu walikuwa wangapi. Akasema kama sitini, ukumbi ulijaa, wote wamesimama mpaka mwisho, hata wazee.

Nikamwuliza kwa nini wazee walisimama. Akasema ukumbi hauna viti.

Nikamwambia mke mwenzangu, hiyo si sifa. Safari ijayo ufike mapema uwatafutie watu viti, kisha uimbe.